Chili ya Leo Huanza Jana Usiku

Ijumaa usiku, vyombo vikishaoshwa na nyumba ikitulia, huwa namimina nusu kilo ya maharage mekundu kwenye sinia na kuanza kuyachambua. Nayasogeza kwa kidole, machache machache, kutoka upande mmoja kwenda mwingine. Naondoa kijiwe, punje iliyonyauka, punje yenye tundu la mdudu, kipande cha ganda. Yaliyo safi yanaanguka bakulini kwa mlio kama wa mvua inayoanza juu ya bati. Nayaosha mara mbili, nayafunika kwa maji mengi kwa sababu hadi asubuhi yatakuwa yamevimba karibu maradufu, natia chumvi, nakoroga, nafunika kwa sahani, nakwenda kulala.

Chili ya Jumamosi imeshaanza.

Nikiwaeleza watu hivyo, wengi hushangaa. Wanaijua chili kama chakula cha kuokoa jioni: nyama ya kusaga, kopo la maharage, kopo la nyanya, pilipili, nusu saa, watu wamekula. Inawezekana kuipika hivyo, na mtu aliyerudi kazini amechoka akipika hivyo simlaumu hata kidogo. Lakini mimi nimekuwa nikiipika karibu kila mwezi kwa miaka saba, ndugu zangu wanapokuja nyumbani, na katika miaka hiyo nimejifunza jambo moja kwa kuharibu vyakula kadhaa: maharage yana saa yake, nyama ina saa yake, viungo navyo vina dakika zao, na kazi ya mpishi ni kuhakikisha kila kimoja kimeiva mahali pake kabla havijakutana. Vikikutana mapema, kuna kimoja kitakachodhulumika.

Kwangu mimi, kuna siku kilichodhulumika kilikuwa maharage.

Nilifikiri kwamba sufuria moja ni sufuria moja. Nikakaanga nyama, nikatia vitunguu, nyanya makopo mawili, kisha maharage yaliyolowekwa, nikafunika na kuacha moto ufanye kazi. Saa moja ikapita, maharage magumu. Saa mbili, bado. Saa tatu na nusu, nyama imechambuka nyuzi nyuzi, mchuzi umekuwa mweusi, na punje bado zinaleta ubishi kwenye meno. Mama alikuwa amekuja kututembelea. Alichukua punje moja, akaiminya kati ya kidole gumba na cha shahada, akaitazama, akasema, “Mwanangu, haya umeyatia nyanya yakiwa mabichi.” Hakunifokea. Alisema kama mtu anayesoma maandishi yaliyo wazi kabisa.

Kumbe alikuwa anasema sayansi. Kinachoshikilia chembe za punje ya maharage zisiachane ni pektini, ile gundi ya asili inayogandisha jemu. Ili punje ilainike, gundi hiyo lazima iachie. Ndani ya uchachu, haiachii kirahisi. Nyanya zina uchachu, siki ina uchachu, ndimu ina uchachu, na chochote kati ya hivyo kikiingia kabla ya maharage kuiva, kitayachelewesha kwa masaa. Maji yenye chokaa nyingi nayo huyagandamiza, kwa sababu kalisi, yaani kalsiamu, madini yaliyo kwenye chokaa, huifunga hiyo pektini iwe ngumu zaidi. Ndiyo maana kabla sijamlaumu aliyeniuzia maharage, siku hizi najiuliza kwanza nimeyapika na nini.

Kuhusu chumvi, niliambiwa tangu utotoni kwamba inayafanya maharage kuwa magumu. Nimeacha kuamini hivyo. Nikiyaloweka kwenye maji yenye chumvi, kijiko kimoja cha chakula kisichojaa kwa kila lita, yanaiva mapema na maganda yake hayapasuki hovyo. Sodiamu iliyo kwenye chumvi inachukua nafasi ya kalisi na magnesiamu kwenye ganda, na ganda linalegea. Asubuhi namwaga maji hayo, nasuuza, naanza na maji mapya. Jaribu mara moja tu, bakuli moja lenye chumvi na jingine lisilo nayo, uyapike sawasawa, kisha utafune punje moja ya kila upande. Hutahitaji kuambiwa na mtu.

Hapa kuna jambo ambalo sitalipita haraka, kwa sababu ni la afya. Maharage mekundu mabichi yana sumu ya asili, aina ya protini ambayo mtu akila punje nne au tano tu zisizoiva anaweza kutapika na kuharisha ndani ya saa chache. Kuloweka peke yake hakuiondoi. Kinachoivunja ni moto wa kweli: maji yachemke kwa nguvu, yanatokota na kuruka, kwa angalau dakika 10. Mimi huwa naacha dakika 30 ndipo napunguza moto. Hatari kubwa iko kwenye zile sufuria za umeme za kupika polepole, ambazo nyingine hazifikii kiwango cha kuchemka. Maharage mabichi yakikaa humo kwenye nyuzijoto 80 hivi, yanaweza kulainika na kuonekana yameiva huku sumu ile ikiwa na nguvu kuliko hata ilivyokuwa mwanzo. Kama unayo sufuria hiyo na unaipenda, itumie, lakini yachemshe maharage kwanza jikoni. Ya kopo hayana shida hii, yalishapikwa kiwandani.

Basi Jumamosi saa nne asubuhi maharage yanapanda jikoni yakiwa peke yake, na kitunguu nusu, jani la bay, lile jani kavu la kunukia, na hakuna kingine. Baada ya ule mchemko mkali nashusha moto mpaka maji yatikisike kidogo tu. Baada ya saa moja hivi naanza kuonja. Naonja punje tano, si moja, maana kwenye sufuria moja hayaivi yote kwa wakati mmoja. Zote tano zikisagika kwa ulimi bila kutumia meno, nimemaliza. Maji yake simwagi. Yamekuwa mazito na mekundu, na yatahitajika.

Nimesema maharage mara nyingi mno, na najua kuna watu ambao wangesimama mezani wakaondoka. Chili tunayoizungumzia, chili con carne, yaani pilipili kwa nyama, ilikulia Texas, na hasa San Antonio, ambako katika karne ya 19 wanawake wenye asili ya Mexico walikuwa wakiiuza usiku kwenye viwanja vya mji, sufuria zikiwa juu ya moto wa kuni, taa za mafuta mezani. Wakaitwa malkia wa chili. Sifa za chakula chao zilienea hadi kwenye maonyesho makubwa ya Chicago mwaka 1893, ambako palikuwa na kibanda cha chili ya San Antonio. Masharti ya afya ya mji ndiyo yaliyowaondoa viwanjani kati ya miaka ya 1930 na mwanzoni mwa miaka ya 1940. Mwaka 1977 bunge la Texas likaitangaza chili kuwa chakula rasmi cha jimbo. Na huko Terlingua, kijiji kilicho jangwani karibu na mpaka wa Mexico, watu wamekuwa wakishindana kupika chili tangu 1967. Ukipeleka sufuria yenye maharage kwenye mashindano hayo, umeshindwa kabla hujaonjwa. Kanuni zinayakataza.

Nawaheshimu. Chakula ni chao, na chili yao ya nyama tupu na pilipili kavu nimeipika, ni tamu kwelikweli. Lakini hoja ya kwamba maharage ni mgeni ndani ya chungu hicho siikubali. Maharage haya yalianza kulimwa katika bara la Amerika maelfu ya miaka iliyopita, sawa na pilipili, sawa na nyanya. Waliokuja kwa meli ni ng'ombe, kitunguu na binzari nyembamba, ile ambayo wengine huiita jira na wengine uzile. Ukipanga watu mezani kwa kufuata aliyetangulia kufika, maharage yatakaa kiti cha mbele na nyama itasubiri mlangoni. Nje ya Texas, nyumba nyingi za Marekani huyapika pamoja bila ugomvi wowote. Kule Cincinnati, Ohio, ndugu wawili wahamiaji kutoka Makedonia walianza mwaka 1922 kuuza chili yao yenye mdalasini juu ya tambi, na mpaka leo mtu huko anaweza kuagiza iongezwe maharage na hakuna anayekasirika.

Mimi napenda maharage kwa sababu ya kile yanachokifanya kwenye mchuzi. Nyama inatoa mafuta na ladha nzito. Punje zinainywa ladha hiyo, na zile zinazopasuka zinaachia wanga unaoufanya mchuzi ushikamane na kijiko. Chili ya nyama tupu huniachia kiu. Yenye maharage hunishibisha, nikanyamaza.

Sasa pilipili. Hapa ndipo niliumia zaidi, na ilikuwa chili yangu ya kwanza kabisa.

Nilinakili maelezo ya Kimarekani yaliyotaka vijiko vitatu vya chakula vya unga wa chili. Kabatini nilikuwa na kopo la pilipili kali iliyosagwa. Nikapima vijiko vitatu, vikajaa vizuri, nikamwaga kwenye mafuta ya moto. Moshi wake ulitutoa wote nje tukikohoa. Nikaendelea kupika, nikiamini nyanya zitaipooza. Jioni mdogo wangu wa mwisho alikula kijiko kimoja, akaweka kijiko chini, machozi yakamtiririka bila yeye kusema neno. Mtoto wa dada alilia kwa kugusa tu midomo. Kilo nzima ya nyama, na nyumba imejaa watu wenye njaa. Usiku ule nilikaa jikoni muda mrefu nikiitazama ile sufuria, kwa sababu nilikuwa nimefuata maelezo neno kwa neno na sikuelewa nilichokosea.

Nilichokosea ni jina. Unga wa chili wa Marekani si pilipili tupu. Ni mchanganyiko: pilipili pole iliyokaushwa na kusagwa, binzari nyembamba, oregano (majani makavu ya kunukia), unga wa kitunguu saumu, mara nyingine na chumvi. Mmoja wa waliouanzisha kama bidhaa ya kuuzwa alikuwa William Gebhardt, mhamiaji wa Kijerumani aliyekuwa akiishi New Braunfels, Texas, katika miaka ya 1890. Alitaka chili ipikike mwaka mzima, hata pilipili zisipokuwa na msimu.

Tofauti ya ukali ni kubwa kuliko nilivyowahi kufikiri. Mwaka 1912 mfamasia wa Marekani, Wilbur Scoville, alibuni njia ya kuupima: alikichanganya kiini cha pilipili na maji ya sukari, akikizimua tena na tena, mpaka waonjaji waseme hawasikii muwasho. Kwa kipimo chake, poblano, ambayo ikikaushwa huitwa ancho na ndiyo inayopendwa sana kwenye chili, ina kama 1,000 hadi 2,000. Pilipili kali nyekundu ya aina ya cayenne, ile inayosagwa na kutiwa kwenye makopo, ina 30,000 hadi 50,000. Kwa hiyo mimi nilikuwa nimetia angalau mara kumi na tano ya kile mwandishi alichokusudia, na nikawawekea watoto.

Kama umeshaingia kwenye shimo hilo, usikimbilie maji. Kinachowasha ndani ya pilipili hakiyeyuki kwenye maji, kinasambaa tu mdomoni. Kinayeyuka kwenye mafuta, na protini ya maziwa hukibeba, ndiyo maana maziwa au mtindi husaidia. Kwenye sufuria yenyewe hakuna dawa ya kukitoa. Unachoweza ni kuongeza vingine: maharage zaidi, nyanya zaidi, nyama zaidi, na kugandisha nusu kwa siku nyingine.

Tangu hapo nachanganya mwenyewe. Kwa kilo moja ya nyama na nusu kilo ya maharage makavu natumia vijiko vinne vya chakula vya pilipili pole, kijiko kimoja na nusu cha binzari nyembamba, vijiko viwili vya chai vya oregano, kimoja cha chai cha mbegu za giligilani zilizosagwa, na nusu kijiko cha chai cha pilipili kali. Ya kali inaweza kuongezwa mezani, kila mtu na sahani yake. Nikipata ancho au guajillo kavu, nazipasua, natoa mbegu, nazigeuza kwenye kikaango kikavu kwa sekunde chache tu mpaka zinukie kama zabibu kavu zilizopata joto, kisha naziloweka kwenye maji ya moto dakika 20 na kuzisaga ziwe uji mzito mwekundu. Zikiungua kidogo tu zinakuwa chungu, na uchungu ule utaukuta hadi sahani ya mwisho. Nisipozipata, paprika ya kawaida, unga wa pilipili nyekundu isiyowasha, inatosha, na ile ya moshi kidogo kwa ajili ya harufu.

Binzari nyembamba nainunua nzima. Naiweka kwenye kikaango bila mafuta, moto wa kati, natikisa. Kwa dakika ya kwanza hakuna kinachotokea. Kisha punje zinaanza kupiga kelele ndogo, zinageuka rangi kutoka kijani cha majani makavu kuwa kahawia ya udongo, na ile harufu inapanda ghafla, nzito, yenye joto. Hapo hapo naimwaga kwenye kinu. Nikiiacha kikaangoni hata kama moto umezimwa, inaendelea kuungua yenyewe. Nikishaitwanga, jikoni hakuna anayepita bila kuuliza chakula ni saa ngapi.

Nyama nitaisema kwa ufupi. Usinunue steki. Nunua shingo, bega au muundi, nyama iliyofanya kazi mwilini mwa ng'ombe, yenye mishipa myeupe inayoonekana. Mishipa hiyo ikipikwa kwa moto mdogo kwa muda mrefu inayeyuka na kuwa ule utelezi unaofanya midomo ishikane, na chili haiwi chili bila huo. Mimi nakata vipande vya sentimita mbili, na robo yake naisaga. Wapo wanaosaga yote, nayo ni sawa, ila iive vizuri ndani. Nyama ya kusaga isiliwe chini ya nyuzijoto 71.

Jambo lisilosameheka kwenye nyama ni kuijaza sufuriani yote kwa mkupuo. Inatoa maji, maji yanachemka, na badala ya kukaangika inajichemsha, inakuwa ya kijivu kama kitambaa kilichofuliwa sana. Ikaushe kwanza kwa kitambaa safi. Pasha mafuta mpaka yaanze kutetemeka. Weka vipande vichache, viachane, na usiviguse. Nafsi itakutuma uvigeuze, subiri. Kipande kikiwa tayari kitajiachia chenyewe, na upande wa chini utaukuta wa kahawia iliyoiva, unang'aa. Mabadiliko hayo yanaitwa kwa jina la mkemia Mfaransa, Louis-Camille Maillard, aliyeyaeleza mwaka 1912, mwaka uleule wa Scoville na maji yake ya sukari. Kazi hii inanichukua karibu dakika 40 kwa kilo moja. Ndiyo sehemu ya siku ambayo sipokei simu.

Nyama ikitoka, chini ya sufuria unabaki ukoko wa kahawia. Usiuoshe! Natia vitunguu maji vitatu vilivyokatwakatwa na chumvi kidogo, na maji ya vitunguu yanaanza kuulegeza, nami naukwangua kwa mwiko wa mti. Vikilainika natia pilipili hoho moja, zile kubwa zisizowasha, na punje sita za kitunguu saumu zilizopondwa, kwa dakika moja. Kisha vijiko viwili vya nyanya nzito ya kopo, vikaangike mpaka vigeuke kutoka wekundu mkali kuwa rangi ya tofali. Halafu viungo vyote, kwenye mafuta, sekunde 30 hadi dakika moja, nikikoroga bila kuacha. Viungo vikiingia moja kwa moja kwenye maji vinabaki na ladha ya unga. Kwenye mafuta vinafunguka.

Sasa nyama inarudi, na kopo moja la nyanya, gramu 400, na supu au maji ya kufunika tu. Nashusha moto. Mchuzi utoe povu moja hapa, moja pale, mfuniko uachwe wazi kidogo. Saa mbili. Nakoroga kila baada ya dakika 20, nikipitisha mwiko chini kabisa, kwa sababu chili ikishaanza kushika chini, ladha ya kuungua hupanda juu haraka kuliko unavyoweza kuihamisha. Ikikutokea, usikwangue. Hamishia ya juu kwenye sufuria nyingine, ya chini uiache.

Saa hizo mbili zikiisha ndipo maharage yanaingia. Yameiva yakiwa peke yake, nyama imelainika ikiwa peke yake, na nyanya hazina tena uwezo wa kuyadhuru. Yanaingia na vikombe viwili vya ule mchuzi wake mzito. Nachota upawa mmoja wa punje na kuziponda ubavuni mwa sufuria, nazirudisha, nakoroga. Wengine hutia unga wa mahindi kijiko kimoja uliokorogwa kwa maji baridi, na ni njia nzuri pia, unaongeza utamu mdogo wa nafaka. Nusu saa ya mwisho ni ya kuzoeana. Maharage yanaingia yakiwa na ladha ya maharage tu. Yanatoka yakiwa na ladha ya chili hadi katikati ya punje. Hilo huwezi kuliona kwa macho. Pasua punje moja kwa meno ya mbele, utaujua wakati wake.

Mwishoni naonja kwa utulivu, nimekaa, kwenye kibakuli kidogo, maana kijiko kimoja ukiwa umesimama kwenye mvuke kinadanganya. Ikiwa imepooza, karibu kila mara inakosa chumvi. Ikiwa na chumvi na bado imelala, inataka uchachu: kijiko kimoja cha siki au nusu ndimu, wakati huu bila hofu, maharage yameshaiva. Ikiwa kali upande mmoja, kipande kidogo cha chokoleti nyeusi au kijiko cha kakao isiyo na sukari huiongezea kina. Sukari situmii. Naona inaifanya ifanane na mchuzi wa chupa.

Kisha kuna siri ambayo kila mpishi wa chili anaijua na wageni hawataki kuisikia: kesho itakuwa tamu zaidi. Ule utelezi wa mishipa unaganda, viungo vinatulia, hakuna kimoja kinachopiga kelele juu ya kingine. Ila isilale juu ya jiko. Sufuria kubwa nzito hukaa na uvuguvugu kwa masaa mengi, na uvuguvugu ndio bakteria wanaoupenda. Naigawa kwenye vyombo vifupi vipana, inaingia frijini ndani ya saa mbili, na tunaimaliza kwa siku tatu au nne. Inayobaki inagandishwa. Wakati wa kuipasha, ichemke kweli, isipate moto wa juu juu.

Jumapili iliyopita dada alifika kabla sijaamka vizuri. Nilimsikia akifungua friji. Nilipoingia jikoni alikuwa ameshika bakuli, akitazama lile tabaka la mafuta ya rangi ya machungwa lililoganda juu, akilitoboa kwa kijiko mpaka akafikia punje chini. Akala ikiwa baridi vile vile, amesimama, akifumba macho.

“Mdogo wangu,” akasema, “mwezi ujao ongeza maharage.”

“Nyama nipunguze?”

“Nani amesema upunguze nyama? Tafuta sufuria kubwa.”

Nimeshaipata. Ina lita 12. Nusu kilo yangu ya Ijumaa itabidi iwe kilo moja, na lile bakuli ninalolowekea halitatosha.